Mali bila daftari: Meli ya Kasanga na gemu za vijana

Juma hili mazungumzo yetu yatahusu kuhama. Habari za kuhama kwa watu tumekwisha kuzizungumza mara nyingi, kwa hiyo leo tuziweke kando. Nitazungumzia kuhamisha kitu ambacho kimekwisha kusimikwa mahali, kikapazoea na kufanya kazi, kisha mwenye nacho akaona afadhali kikae kwingine. Jambo hili linaonekana jepesi. Lakini ukisoma historia utaona kwamba waliofanikiwa katika kazi hiyo ni wale waliojua kuwa wanahamisha vitu viwili kwa pamoja: kitu chenyewe, na kumbukumbu ya wapi kila kipande chake kinakaa.

Nitaanza na mfano ambao wazee wenzangu watauona wa kitoto. Ni mfano wa gemu za kompyuta.

Vijana wetu wanajua ninachosema. Kompyuta nyingi zilizo mikononi mwao ni zile zilizokwisha kutumika ng'ambo. Ndani yake mna diski moja, ambayo kompyuta huiita kwa herufi C, na humo ndimo inamokaa programu kuu ya Windows. Kijana anasimika gemu ya mpira, anasimika ya magari, anasimika ya vita, na baada ya miezi michache diski imejaa. Anajinyima, ananunua diski ya pili iliyo kubwa zaidi, nayo inapewa herufi D. Sasa anataka gemu zake zihame kutoka C kwenda D. Anafanya kama mtu anayehamisha kabati: anakata huku, anabandika kule. Akimaliza anabonyeza gemu ifunguke. Haifunguki. Au inafunguka, lakini ligi aliyoicheza tangu Pasaka haipo tena, na timu yake imerudi kuwa kama ilivyotoka kiwandani.

Msidhani hili ni suala la upuuzi wa vijana. Katika miji yetu mingi gemu ni biashara. Nilipata kukaa siku chache Kasanga, kule mwisho wa mkoa wa Rukwa, nikingoja chombo cha ziwani. Kando ya njia iteremkayo kuelekea bandarini kulikuwa na kibanda chenye benchi, kompyuta mbili na televisheni moja. Mchana kilikuwa kimya. Jioni, wavuvi vijana wakisubiri saa ya kuingia ziwani na taa zao, kilijaa hadi nje. Wengine hawakuwa na nafasi ya kukaa, wakaangalia wakiwa wamesimama. Mwenye kibanda alikuwa ametoka kununua diski mpya Sumbawanga, zaidi ya kilometa 100 kutoka pale, na alikuwa amehamisha gemu zake zote usiku uliopita.

“Mzee,” aliniambia, “gemu imehama, lakini akili yake imebaki kule kule.”

Wateja wake walikuwa wamezoea kukuta kila mtu na timu yake, na pointi zake, na mahali alipoachia. Siku ile walikuta kila kitu ni kipya. Wakaondoka mmoja mmoja. Kwake huo ulikuwa mshahara wa siku nzima umetoka mlangoni.

Maneno ya kijana yule yalinifanya niangalie ziwa kwa jicho jingine. Kwa maana Kasanga, ndugu wasikilizaji, ni moja kati ya sehemu chache za nchi hii zilizowahi kuona kwa macho jinsi kitu kikubwa kilichosimikwa kinavyohamishwa. Wakati wa Wajerumani mji huo uliitwa Bismarckburg, na magofu ya boma lao yangalipo. Na kwa miongo mingi meli iliyokuwa ikitia nanga pale ni ile tunayoiita Liemba. Hebu tuikumbuke habari yake, kwani inafundisha.

Mwaka 1913 meli hiyo ilijengwa katika kiwanda cha Meyer mjini Papenburg, Ujerumani. Ilipewa jina la Graf von Goetzen, gavana wa zamani wa koloni hili. Urefu wake ulikuwa mita 70 hivi. Sasa fikirini: Ziwa Tanganyika halina njia ya meli ya namna hiyo kutoka baharini. Meli ya mita 70 haipandi milima. Basi Wajerumani waliijenga kwanza kwao kwa kuifunga na boliti, wakahakikisha kuwa kila bamba linakaa na mwenzake, kisha wakaifungua yote. Vipande vyake vikawekwa katika makasha yapatayo 5,000. Makasha yakapakiwa melini Hamburg, yakashushwa Dar es Salaam, yakapandishwa reli ya kati ambayo ilifika Kigoma mwaka 1914.

Pamoja na makasha walikuja watu watatu kutoka kiwanda kile kile: Anton Rüter, Hermann Wendt na Rudolf Tellmann. Hapa ndipo pana siri ya kazi yote. Mtu akikukabidhi makasha 5,000 ya vyuma hajakukabidhi meli. Amekukabidhi vyuma. Meli inapatikana pale tu panapokuwapo mtu, au orodha, inayojua kuwa bamba hili linakaa ubavu wa kushoto na bomba lile linaingia katika tanuri. Mafundi hao watatu, wakisaidiwa na mafundi wa Kihindi na vibarua wengi wa Kiafrika, waliisimika upya meli hiyo Kigoma, safari hii kwa kuipigilia ribiti, na tarehe 5 Februari, 1915 ikashushwa majini.

Hiyo ndiyo njia ya kwanza ya kuhamisha kilichosimikwa: kukifungua, kukifunga katika makasha, na kukisimika upya kule kiendako. Katika lugha ya kompyuta ni sawa na kuiondoa gemu yote na kuisimika tena katika diski mpya. Inachukua muda mrefu, lakini gemu inazaliwa mahali pake mpya na inajua inakaa wapi.

Njia ya pili waliionyesha Waingereza, tena katika vita ile ile. Mwaka 1915 walileta boti mbili ndogo zenye urefu wa mita 12 hivi, zilizoitwa Mimi na Toutou. Hawakuzifungua. Walizisafirisha zikiwa nzima kutoka Uingereza hadi Cape Town, kisha kwa reli hadi Katanga, kisha zikaburutwa kwa mitambo ya mvuke na kwa ng'ombe kuvuka milima ya Mitumba, kisha reli tena, kisha mto Lualaba, na reli nyingine hadi ufukoni mwa ziwa upande wa Kongo. Ilikuwa kazi ya miezi mingi, ya kukata njia na kujenga madaraja. Lakini boti zilipotiwa majini zilikuwa ni zile zile, hazikuhitaji kuundwa upya. Desemba 26 ya mwaka huo zikaikamata meli ndogo ya Wajerumani, Kingani. Juni 1916 boti za Waingereza zilifika mbele ya Bismarckburg, yaani Kasanga hiyo hiyo, na mji ukaanguka mwezi huo.

Kumbe basi, kitu kidogo ambacho kila kiungo chake kimo ndani yake chenyewe unaweza kukibeba kizima. Kitu kikubwa kilichofungamana na mahali kilipo, lazima ukifungue kwanza ujue kimefungwa na nini. Makosa ya vijana wengi ni kuchukua Goetzen wakaitendea kama Mimi na Toutou.

Turudi sasa kwenye kompyuta, tuone mambo yalivyofika hapa, kwa kuwa haikuwa hivi tangu mwanzo.

Diski ya kwanza ya kompyuta kuuzwa ilitoka kwa kampuni ya IBM ya Marekani mwaka 1956. Ilikuwa na sahani 50, kila moja ikiwa na upana wa sentimeta 61, na mashine nzima ilikuwa na uzito wa tani moja hivi. Pamoja na ukubwa huo iliweza kuhifadhi herufi milioni 5 tu. Mwaka 1965 nchi yetu nayo ikasimika kompyuta yake ya kwanza, ya aina ya ICT 1500, katika Wizara ya Fedha. Habari ya mashine hiyo nitairudia baada ya muda mfupi.

Gemu za majumbani zilianza bila kusimikwa popote. Kompyuta ndogo za mwanzoni mwa miaka ya 1980, kama ile ya Sinclair Spectrum ya Uingereza ya mwaka 1982, zilisoma gemu kutoka kwenye kanda za kaseti, kaseti zile zile za muziki. Ukizima mashine, gemu imeondoka. Ukitaka tena, unaweka kanda upya na kungoja. Kuhamisha gemu kwa mwenzako ilikuwa ni kutia kanda mfukoni na kutembea.

Kisha zikaja kompyuta za mezani zenye sehemu mbili za kutia diski laini. Ya kwanza iliitwa A, ya pili B. IBM walipotoa kompyuta yao ya XT mwaka 1983, yenye diski ngumu ya megabaiti 10 ndani yake, herufi A na B zilikwisha kuchukuliwa, na diski hiyo ikapewa C. Wengi wenu mmejiuliza kwa nini kompyuta yenu inaanza na C kana kwamba haikusoma alfabeti tangu mwanzo. Jibu ni hilo. A na B wamekwisha kufa, na C angali anaishi katika chumba cha tatu.

Kwa muda fulani mambo yalibaki mepesi. Gemu ya wakati huo ilikuwa folda moja, na kila ilichohitaji kilikuwa ndani ya folda hiyo. Ilipotoka gemu ya Doom Desemba 1993, sehemu yake ya kwanza iligawiwa bure, ikasambaa duniani kwa diski laini kutoka mkono hadi mkono. Ungeweza kuinakili folda yake kutoka C hadi D, au kutoka ofisi moja hadi nyingine, nayo ikafunguka bila kuuliza swali. Hizo zilikuwa zama za Mimi na Toutou.

Mambo yalibadilika hasa tarehe 24 Agosti, 1995, Microsoft ilipotoa Windows 95. Ndani yake mlikuwa na daftari kuu moja ambamo kila programu iliyosimikwa iliandikishwa: jina lake, mahali inapokaa, na mambo yake mengine. Mwanzo wake ulikuwapo katika Windows za kabla, lakini tangu hapo daftari hilo likawa kama ofisi ya ardhi ya kompyuta nzima. Lilikuwa na faida kubwa. Kompyuta ikawa na sehemu moja ya kuulizia. Lakini kuanzia siku hiyo, aliyeichukua folda ya gemu na kuipeleka D bila kuandika upya kwenye daftari alikuwa kama mtu aliyehama usiku bila kumwambia mjumbe wa nyumba kumi. Barua zake zinaendelea kupelekwa kwenye nyumba tupu.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Sidhani kama walipata kuiona kompyuta, lakini kauli yao inatosha kuwa somo la kwanza katika chuo chochote cha fundi wa kompyuta.

Pamoja na daftari hilo likazuka jambo la pili, nalo ndilo lililomwumiza kijana wa Kasanga. Gemu zikaanza kutenganisha mwili wake na kumbukumbu za mchezaji. Wale waliocheza PlayStation 2 miaka ya 2000 wanakumbuka kadi ndogo ya megabaiti 8. Gemu ilikuwa kwenye sahani ya mwenye kibanda, lakini ligi yako ilikuwa kwenye kadi, na ukiwa na kadi yako ungeweza kwenda nayo kibanda kingine. Mtu alijua kabisa mali yake iko wapi, aliishika kwa vidole.

Kwenye kompyuta kadi hiyo haionekani. Chukueni mfano wa gemu mashuhuri ya San Andreas, iliyotoka mwaka 2004 na kufika kwenye kompyuta mwaka 2005. Unaweza kuisimika D ukipenda, lakini maendeleo ya mchezaji huyahifadhi katika folda ya nyaraka za mtumiaji, ambayo kwa kawaida iko C. Gemu za mpira za Konami, kama Pro Evolution Soccer 2013, zinafanya vivyo hivyo. Kwa hiyo kijana anahamisha mwili wa gemu kwenda D, anajiona amemaliza, kisha anaifuta C yote ili asimike Windows mpya. Anajua hakuna gemu iliyobaki kule. Ni kweli hakuna gemu. Kulikuwa na jasho la watu wa miezi saba tu.

Hapo sasa nirudi kwenye Wizara ya Fedha, maana lililompata kijana wa kibanda liliwahi kuipata Serikali nzima. Baada ya kompyuta ya mwaka 1965, mahesabu ya Serikali yalihamishiwa kwenye kompyuta. Kazi hiyo iliharibika vibaya, mahesabu yakavurugika na fedha nyingi zikapotea. Ikabidi kurudi kwenye kalamu na karatasi. Mwaka 1974 Serikali ikapiga marufuku kuingiza kompyuta na vifaa vyake nchini. Marufuku hiyo ililegezwa pole pole katika miaka iliyofuata, na ndiyo maana kizazi kizima cha wasomi wetu kilikutana na kompyuta kikiwa kimekwisha kuota mvi.

Wapo wanaocheka uamuzi wa 1974, wakasema tulikimbia maendeleo. Mimi siucheki, ingawa naamini tulilipa gharama kubwa kwa kuchelewa. Hesabu za nchi hazikuwa tarakimu tu zilizomo katika vitabu. Karani wa zamani alijua kuwa hati za namna fulani huchelewa, na kwamba safu ile ya daftari husomwa pamoja na faili lile la kabati jingine. Ujuzi wa namna hiyo hauandikwi katika safu yoyote. Ukizihamisha tarakimu ukauacha ujuzi, umeleta makasha bila Rüter na wenzake. Kilichokosewa, kwa maoni yangu, kilikuwa namna ya kuhama, na adhabu ikatolewa kwa mashine.

Miaka ya karibuni kuhama kumechukua sura ya tatu. Septemba 2003 kampuni ya Valve ya Marekani ilianzisha Steam, ambayo ni duka na ghala la gemu kwa njia ya intaneti. Mwaka uliofuata gemu yao ya Half-Life 2 ilitoka kwa sharti kwamba hata aliyeinunua katika sahani lazima ajiandikishe Steam. Tangu hapo daftari la umiliki likatoka katika kompyuta yako likaenda kwenye kompyuta za kampuni. Kilichomo kwenye diski yako ni mwili wa gemu. Hati ya nyumba iko ng'ambo.

Mwanzoni Steam haikumruhusu mtu kuweka gemu kwenye diski nyingine isipokuwa ile iliyokaa yenyewe. Mafundi wakabuni hila. Waliihamisha folda kwenda D, na pale C ilipokuwa wakaacha kiungo, yaani kitu kama kibao cha njia panda kinachosema “mwenye nyumba amehamia kule, pita moja kwa moja.” Windows ikifika C inakisoma kibao, inakwenda D bila hata kujua imeelekezwa. Hiyo ndiyo njia ya tatu ya kuhamisha kilichosimikwa: unabeba mwili, na kwa kuwa huwezi kulibadili daftari, unaacha mtu mlangoni wa kuwaelekeza wageni. Katika miaka ya 2010 kampuni yenyewe ilikubali, kwanza ikaruhusu kuwa na ghala zaidi ya moja katika diski mbalimbali, kisha ikaweka kitufe cha kuhamisha gemu ambacho hubeba mwili na kurekebisha daftari kwa pamoja.

Mtu wa Dar es Salaam au Arusha mwenye intaneti ya kasi anaweza kuuliza: shida yote hii ya nini, si uifute gemu na kuipakua upya? Swali hilo linaulizwa na mtu asiyenunua vifurushi. Gemu ya GTA V ilipofika kwenye kompyuta mwaka 2015 ilidai nafasi ya gigabaiti 65. Kwa ile diski ya IBM ya mwaka 1956 ungehitaji makabati 13,000 na zaidi, kila moja la tani moja, ili kuihifadhi gemu hiyo moja. Sasa pigeni hesabu nyepesi. Ukiipakua kwa kasi ya megabaiti moja kwa sekunde, bila kukatika hata mara moja, utahitaji saa 18. Ukiinakili kutoka diski moja hadi nyingine ndani ya kompyuta, kwa kasi ya megabaiti 100 kwa sekunde, utahitaji dakika 11. Kwa kijana wa ukingo wa ziwa, tofauti ya saa 18 na dakika 11 ni tofauti ya kufunga kibanda au kukifungua jioni ile. Elimu ya kuhamisha ni fedha kamili.

Na umeme nao usisahauliwe. Kwa miaka mingi Sumbawanga na jirani zake zilipata umeme kutoka Zambia, mwisho kabisa wa waya mrefu. Watu wa huko wanajua umeme unaweza kukatika katikati ya sentensi. Anayehamisha kwa kukata na kubandika anaweza kujikuta nusu ya mali imefika na nusu haijulikani iko wapi. Kwa hiyo fundi mwenye busara hakati kamwe. Ananakili kwanza, anafungua gemu kule mpya, anaicheza kidogo, anahakikisha ligi ipo, halafu ndipo anafuta ile ya zamani.

Nikiulizwa na vijana utaratibu wote kwa ufupi, nitasema hivi. Kwanza, kabla ya kugusa gemu, tafuta maendeleo ya wachezaji yanakaa wapi, hasa katika folda ya nyaraka iliyo C, uyanakili pembeni, ikiwezekana kwenye flashi. Pili, jua gemu yako ni ya aina gani: ile ya zamani yenye kila kitu ndani ya folda ibebe nzima, ile iliyoandikishwa kwenye daftari la Windows isimike upya, ile ya ghala kama Steam tumia kitufe chake. Na kama ulikwisha kuihamisha kwa mkono na ghala linadai haipo, iambie isimike pale pale zilipo faili, itazikuta, itazihesabu na kupakua zilizopungua tu. Tatu, ukiwa na diski ya nje, hakikisha herufi yake haibadiliki. Gemu iliyoandikishwa E haitamtafuta mtu anayejiita F.

Sasa nimalizie habari ya meli, maana sijasema ilivyokwisha. Julai 26, 1916 Wajerumani, wakiona Kigoma inawaponyoka, waliamua kuizamisha Goetzen wenyewe karibu na mlango wa mto Malagarasi. Inasimuliwa kuwa waliopewa kazi hiyo ni mafundi wale wale walioiunga. Hawakuivunja. Waliipaka mitambo yake grisi nzito, wakaijaza mchanga, wakaizamisha kwa utaratibu. Wabelgiji waliiibua baada ya vita, ikazama tena. Mwaka 1924 Waingereza wakaitoa majini, wakakuta injini na matanuri yake yangali yanafaa. Tarehe 16 Mei, 1927 ikaanza kazi upya ikiwa na jina la Liemba, jina ambalo Livingstone alilisikia kwa wenyeji wa kusini mwa ziwa. Katika miaka ya 1970 injini zake za mvuke ziliondolewa, zikawekwa za dizeli.

Imebadili nchi, imebadili bendera, imebadili jina na hata moyo, na abiria wa Kasanga waliendelea kuiita meli yao. Kwa nini haikupotea? Kwa sababu katika kila hatua alikuwapo mtu aliyefikiri juu ya yule atakayekuja baada yake. Aliyepaka grisi mwaka 1916 alikuwa anamwachia mtu mwingine meli, hata kama alitumaini mtu huyo atakuwa Mjerumani mwenzake.

Mimi nadhani sisi watu wa zama hizi tunahama sana na tunapaka grisi kidogo. Tunahamisha ofisi, mafaili yanapakiwa kwenye lori, na mtu pekee aliyejua mpangilio wake anaagwa kwa keki siku hiyo hiyo. Tunahamisha picha za familia kutoka simu moja kwenda nyingine, na za marehemu zinabaki kwenye simu iliyouzwa. Tunahamisha masjala kutoka karatasi kwenda kompyuta, halafu tunashangaa mwaka wa tatu kwamba hakuna anayejua faili liko kwa jina gani. Kijana wa Kasanga alipoteza ligi ya wavuvi, na wavuvi walinuna siku mbili kisha wakaanza upya. Kuna mambo mengine ambayo hayaanzi upya.

Kwa hiyo, ndugu wasikilizaji, mtu akikuambia anataka kuhamisha kitu, kabla hujamsaidia kubeba, mwulize daftari liko wapi na nani anajua kulisoma. Akikosa jibu, mwambie aketi kwanza.